Reli iliyobaki kuwa kengele: barua ya wazi kwa Waziri wa Uchukuzi

Mheshimiwa Waziri,



Shule niliyoanzia darasa la kwanza hapa Nachingwea haikuwa na kengele ya dukani. Kwenye mwembe mbele ya ofisi ya mwalimu mkuu kilining'inia kipande cha reli, urefu wa mkono wa mtu mzima, kimefungwa kwa waya, na cha kukigongea kilikuwa bolti nene iliyokatika kichwa. Zamu ikikufikia ulishika bolti kwa mikono miwili ukapiga mara tatu, mlio ukavuka bonde, na watoto wa ng'ambo wakaanza kukimbia. Kutu ilikuwa imekila chuma kile kote, ila mgongoni, pale magurudumu yalipokuwa yakipita, palibaki laini kama sahani. Nilipenda kupapasa hapo nikisubiri mwalimu atazame saa yake.

Hiyo ndiyo reli pekee niliyowahi kuigusa hapa kwetu. Babu yangu aliifanyia kazi ikiwa nzima.

Nakuandikia kwa sababu ya reli nyingine, ambayo bado iko kwenye makaratasi: ile ya kutoka Mtwara hadi Mbamba Bay, karibu kilomita 1,000, pamoja na matawi ya kwenda Mchuchuma na Liganga. Kila inapotajwa, kinachotangulia ni makaa ya mawe na chuma. Makaa ni mali na chuma ni mali, sibishi. Ninachokiogopa ni hesabu ya reli yenye mzigo mmoja. Hesabu hiyo tulishafanyiwa, na naomba nikusimulie ilivyokwenda kabla wataalamu wako hawajafunga faili.

Wajerumani walianza kujenga reli ya kati Dar es Salaam mwaka 1905, wakafika Kigoma mapema 1914. Kusini mwaka huo wa 1905 tulikuwa tunaingia vita vya Maji Maji. Walikuwa wamepima pia njia ya kutoka Kilwa hadi Ziwa Nyasa, lakini haikupata hata taruma moja. Kwa miongo iliyofuata, bidhaa kubwa iliyotoka kwetu ilikuwa watu: vijana wa Kimakonde, Kimwera, Kiyao na Kimakua waliokwenda mashamba ya mkonge, wakaitwa manamba. Wengine walizeeka huko huko Tanga.

Ndipo zikaja karanga. Baada ya Vita Vikuu vya Pili Uingereza ilikuwa na uhaba mkubwa wa mafuta ya kula. Mwaka 1946 Frank Samuel wa United Africa Company, kampuni iliyokuwa chini ya Unilever, aliipelekea serikali ya kwao wazo la kulima karanga Tanganyika kwa mashine. Mwaka huohuo timu ya John Wakefield ikaja kupima, ikarudi na pendekezo la ekari 3,210,000 zilizogawanywa katika mashamba 107. Mashamba 55, yaani zaidi ya nusu, yalipangwa Jimbo la Kusini. Kongwa na Urambo, sehemu nyingine mbili zilizochaguliwa Tanganyika, zilikuwa jirani na reli ya kati. Kusini hapakuwa na reli wala bandari ya meli kubwa, kwa hiyo vikaamriwa vyote viwili.

Habari za vifaru vya vita vilivyogeuzwa matrekta, na za ardhi ya Kongwa iliyokauka ikawa kama saruji, zimesimuliwa sana, nazipita. Zetu husimuliwa mara chache. Vyuma vyetu viliteremshwa kwanza Mkwaya, kwenye mkono wa bahari wa Lindi, penye gati la muda, na mwaka 1949 treni kutoka Mkwaya ikafika Nachingwea. Huku nyuma Mtwara, kijiji cha wavuvi jirani ya Mikindani, ilikuwa inageuzwa mji na bandari, na reli ya kutoka huko ikaja kukutana na ile ya kwanza pale Ruo. Upana wake ulikuwa mita moja, sawasawa na reli ya kati, lakini haikuungana nayo popote. Ilikuwa peke yake, bahari mbele, msitu nyuma.

Sasa tazama tarehe, Mheshimiwa. Januari 1951 serikali ya Uingereza ilitangaza kuufuta mradi wa karanga, na pauni zipatazo milioni 36 zikapotea. Gati la maji marefu la Mtwara lilifunguliwa mwaka 1954. Yaani bandari na reli vilikamilika wakati mzigo uliovizaa ulikwishakufa miaka mitatu nyuma. Mtu amejenga jiko, amenunua sufuria, amepanga mafiga, kisha anakumbuka kwamba unga ulimwagika zamani.

Babu alikuwa kwenye gengi la kukarabati njia. Kazi yao ilikuwa kutembea kipande chao cha reli kila asubuhi, nyundo begani, kukaza bolti zilizolegea na kufyeka majani. Alisema walijua treni inakuja kabla ya kuisikia, kwa kuinama na kuweka kiganja juu ya chuma. Alisema pia kwamba miaka ya mwisho kiganja kilikaa juu ya chuma muda mrefu sana. Mabehewa yalipita nusu tupu: mbao kidogo, magunia kidogo, akina mama na kuku wao wakienda Mtwara. Shirika la reli la Afrika Mashariki lilikuwa linapata hasara, na hilo silipingi. Mwaka 1962, Uhuru ukiwa haujatimiza hata mwaka mzima, treni ikasimama.

Kisha wakaja kuing'oa. Babu aliajiriwa tena, safari hii kufungua zile bolti alizokuwa anazikaza. Walianzia bara wakirudi nyuma kuelekea bahari. Kila kipande kilichong'olewa kilipakiwa kwenye behewa lililosimama juu ya kipande ambacho bado hakijang'olewa, kisha behewa likavutwa nyuma kidogo. Alikuwa akituambia, "Treni ilijibeba yenyewe mgongoni ikaondoka," na sisi wajukuu tulicheka. Yeye hakucheka. Mwaka 1963, huko kaskazini, Ruvu iliunganishwa na Mnyusi ili reli ya kati na ya Tanga ziwe kitu kimoja. Nchi ileile iliyokosa sababu ya kubakiza reli moja ilipata sababu ya kuunganisha nyingine mbili.

Ningekuwa nimeishia hapo, barua hii ingekuwa malalamiko ya mjukuu. Lakini yako yaliyofuata.

Wakati reli inang'olewa, mikorosho ilikwishapandwa. Ilikuwa michanga, mingine haijaanza kuzaa vizuri, na katika vitabu vya shirika mche ambao haujazaa si mzigo. Msimu wa 1973/74 Tanzania ilivuna tani zipatazo 145,000 za korosho, nyingi zikitoka huku kwetu. Ni miaka kumi na moja tu tangu treni isimame. Magunia yale yalisombwa kwa malori, kwenye barabara za udongo mwekundu ambazo mvua ya kwanza huzigeuza sabuni. Mavuno yalikuja kuporomoka baadaye kwa sababu nyingine, mojawapo ni kuwahamishia watu katika vijiji vya ujamaa, mbali na mikorosho yao. Hiyo ina barua yake. Nasema tu kwamba walioing'oa reli walipiga hesabu sahihi ya mwaka mmoja.

Utaniambia reli isiyo na mzigo haiwezi kuachwa imelala ikisubiri miche ikue. Basi nikupeleke Mpanda. Tawi la kutoka Kaliua hadi Mpanda, kilomita 210, lilijengwa miaka ileile ya karanga, nalo kwa ajili ya mzigo mmoja: risasi ya mgodi wa Mpanda. Mgodi ule ulifungwa yapata mwaka 1960. Kwa hesabu ya Nachingwea, reli ya Mpanda ilipaswa kung'olewa wiki iliyofuata. Haikung'olewa. Pengine ni kwa sababu ilikuwa imeungana na reli ya kati, pengine ni bahati, lakini ilibaki. Imepitisha magunia ya mahindi, ya mpunga na ya tumbaku, na kwa miaka mingi, masika yalipofunga barabara, ndiyo iliyokuwa mlango wa Katavi. Nimewahi kuipanda. Behewa lilinuka samaki wakavu wa Ziwa Tanganyika, mama mmoja alikuwa amelaza watoto wawili juu ya magunia, na kila tuliposimama watu walikimbilia madirishani na asali kwenye chupa. Hakuna hata mmoja mle ndani aliyekuwa na habari na risasi.

Hiyo ndiyo hoja yangu yote. Reli ya Mpanda iliuzika mzigo wake wa kwanza ikaendelea. Ya kwetu ilizikwa pamoja na wa kwake.

Sasa makaa. Yameshafika kwetu bila reli. Malori yanatoka Mbinga, yanapita Songea, Tunduru na Masasi hadi bandarini Mtwara, na tangu vita vya Ukraine vipandishe mahitaji ya makaa duniani yamekuwa mfululizo usiku na mchana. Lami imebonyea nyayo za matairi kama mkeka uliolaliwa na mgonjwa. Huko Mtwara bandari nyingine inajengwa Kisiwa, Mgao, kwa ajili ya mizigo michafu ya aina hiyo. Naelewa kwa nini wataalamu wako wanayaona makaa kwanza: yanaonekana, yana tani, yana mnunuzi. Karanga nazo zilionekana hivyo mwaka 1946. Makaa yana maadui wengi zaidi ya karanga. Bei inaweza kushuka vita vikiisha, na wanunuzi wenyewe wanasema kila mwaka kwamba wanataka kuachana nayo. Siku hiyo ikifika, nani atakuwa juu ya reli hiyo?

Naomba tuwe sisi. Na si kwa hisani. Kalenda yetu ya mizigo sasa imejaa kuliko wakati wa babu. Juni na Julai ni minada ya ufuta. Agosti na Septemba ni mbaazi. Oktoba inafungua korosho, ambazo msimu wa 2017/18 zilivuka tani 300,000 kwa nchi nzima, na zinaendelea kushuka maghalani mpaka mvua zimeshaanza. Mwishoni mwa 2018, serikali ilipoamua kununua korosho yenyewe, ilibidi malori ya Jeshi yaje kuzisomba. Jeshi la nchi likiitwa kubeba magunia, mimi mtu wa kawaida naona hapo pana mzigo wa treni.

Na treni isirudi bara tupu. Salfa ya kupulizia mikorosho huingia kwa meli Mtwara, hutakiwa vijijini kabla maua hayajatoka, na kila msimu kuna wakulima wanaoipata maua yakishatoka. Saruji inatengenezwa Mtwara, Songea inajengwa. Mafuta ya magari yanashushwa bandarini. Mzigo wa kwenda na mzigo wa kurudi, mwaka mzima, ndicho kitu ambacho karanga hazikuwahi kukiahidi hata kwenye karatasi.

Juu ya hayo kuna abiria. Kabla ya Daraja la Mkapa kufunguliwa mwaka 2003, mtu wa Kusini aliyekwenda Dar es Salaam wakati wa masika aliaga kama anayekwenda Hija. Kivuko kikikwama Rufiji, ulilala hapo hapo. Mimi mwenyewe mwaka mmoja nililala siku nne ndani ya basi kwenye tope, tukachanga hela tukanunua mbuzi kijijini, na siku ya tatu dereva akawa anamwahidi binti yake kila kijana aliyejitolea kusukuma. Tulidhani hayo yamekwisha. Mei 2024, Kimbunga Hidaya na mvua zake vilikata barabara ya Lindi upande wa Somanga, na Kusini ikawa kisiwa tena. Barabara moja ni uzi mmoja. Najua reli ya Mbamba Bay haiendi Dar es Salaam, lakini inafika bandarini, na palipo na bandari kuna njia ya pili.

Basi ninayoyaomba ni haya. Hesabu ya mizigo iliyotumika kuupima mradi huu ichapishwe kwa Kiswahili, na korosho, ufuta, mbaazi, salfa na abiria waonekane ndani yake kwa tani na kwa vichwa, si kwa sentensi ya heshima mwishoni. Behewa la abiria liwepo siku ya kwanza. Stesheni zipangwe kwa kufuata maghala ya vyama vya ushirika, maana huko ndiko magunia yaliko. Na mkataba wowote utakaosainiwa na mwekezaji wa makaa au chuma useme wazi kwamba mwekezaji akiondoka, chuma kilicholala ardhini ni mali ya nchi na hakitikisiki. Kifungu hicho kimoja kingekuwepo mwaka 1962, nisingekuwa nakuandikia.

Kuna dogo lingine, halina gharama. Tuta la zamani bado lipo sehemu nyingi. Ukilitazama asubuhi, jua likiwa chini, unaliona limenyooka katikati ya mikorosho pale ambapo hakuna njia nyingine inayonyooka. Watu wanapita juu yake kwenda mashambani kwa sababu halituami maji, jambo linaloonyesha kwamba waliolipima walijua kazi. Wapimaji wako walitembee kabla halijagawanywa viwanja. Sisemi reli mpya ipite humo humo. Nasema lipimwe.

Shule ile sasa ina kengele ya umeme. Kipande cha reli kiliwekwa stoo pamoja na madawati mabovu, na mwalimu mkuu ameniruhusu kukitoa siku utakapokuja. Njoo Juni, njia zikiwa zimekauka. Gari dogo linafika hadi mwanzo wa tuta, kisha tutatembea. Weka kiganja mgongoni mwa chuma kile, pale palipo laini.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Mjukuu wa mtu wa gengi, Nachingwea