Utetezi wa Faili Kuukuu

Wako watu wasemao kwamba programu ya kompyuta ikichakaa haina haki ya kuhifadhiwa. Kwao, faili za maktaba zilizotumika zamani kufungulia matangazo ya redio katika mtandao ni takataka, na mwenye kuzifuta astahili sifa ya usafi. Rai hii ni nyepesi kuikubali, lakini ni mbaya, na watakaodhurika nayo kwanza ni watu wa mahali kama Ngara na Biharamulo, ambako sauti iliyohifadhiwa haina nakala nyingi.

Maktaba, katika lugha ya mafundi wa kompyuta, si nyumba ya vitabu. Ni faili yenye maagizo ambayo programu nyingi huyaazima. Sauti ipelekwayo kwa mtandao hubanwa kwanza ili ipite katika njia nyembamba; ifikapo, hukunjuliwa na maktaba iliyotengenezwa kwa kazi hiyo. RealAudio, iliyotolewa mwaka 1995, ilikuwa miongoni mwa njia za kwanza kuenea duniani. Namna yake moja ya kubana sauti iliitwa Cook, kwa jina la fundi wake, Ken Cooke. Na katika kompyuta za Windows ilifunguliwa na faili iitwayo cook3260.dll. Mwenye rekodi asiye na maktaba yake ana sanduku lisilo na ufunguo.

Mwaka huohuo wa 1995 Redio Kwizera ilianzishwa Ngara na JRS, shirika la Wajesuiti lihudumialo wakimbizi. Mwishoni mwa Aprili 1994 watu wapatao 250,000 walikuwa wamevuka daraja la Rusumo kutoka Rwanda kwa muda wa siku moja hivi, wakajaa Benaco. Kwizera ni kutumaini. Redio hiyo ilisema Kiswahili, Kirundi na Kinyarwanda, na mwenyeji aliisikiliza pamoja na mgeni. Wanyarwanda walirudishwa kwao Desemba 1996; kambi ya Lukole ilifungwa mwaka 2008. Ushahidi wa zama kama hizo hubaki katika karatasi, katika vichwa vya wazee, na katika sauti. Karatasi yaweza kueleza lililosemwa. Haielezi jinsi Mhangaza alivyotamka Kiswahili mbele ya Mrundi, wala mahali sauti ilipokatika kwa majonzi. Mwanafunzi wa isimu au wa historia atakayeyatafuta hayo hatayapata penginepo.

Barua zilizoandikwa Kilwa mwaka 1711 kwa Kiswahili cha herufi za Kiarabu zingali zinasomeka katika hifadhi ya Goa, kwa kuwa herufi zile hazikukosa wasomaji. Uingereza, mwaka 1986, BBC ilitoa kazi kubwa ya Domesday katika diski za leza, kuadhimisha miaka 900 ya kitabu cha mwaka 1086. Haikupita miaka ishirini mashine za kuzisoma zikawa adimu, na wataalamu wakahangaika kuziokoa; kitabu chenyewe cha kale kingali chasomeka. Ikiwa taifa lenye mali lilipatwa na hayo, kituo cha wilayani kitajikinga kwa nini?

Wapinzani wana hoja moja yenye uzito: maktaba kuukuu zina matundu ambamo waharibifu hupenya. Ni kweli. Basi na ziwekwe katika kompyuta isiyounganishwa na mtandao; mwenye ghala lenye mlango mbovu huutengeneza mlango, hamwagi nafaka. Husema tena kwamba zipo programu huria, kama FFmpeg iliyoanzishwa na Fabrice Bellard mwaka 2000, zifunguazo maumbo mengi ya kale. Hoja hii yawageukia wenyewe. Wajuzi walipata kuandika funguo mpya kwa kuzichunguza maktaba zilezile kuukuu, amri kwa amri. Kama wasafishaji wangaliwatangulia, wangalichunguza nini? Ama gharama, haitajiki: faili hizi ni ndogo, na diski moja ya leo humeza maelfu yake.

Lipasalo ni dogo na lawezekana. Sauti ya kale ikunjuliwe, iandikwe katika umbo lililo wazi lisilopunguza kitu, kama FLAC. Faili ya asili isitupwe, maana huenda kesho akatokea mjuzi wa kuikunjua vizuri zaidi. Kando yake iwekwe maktaba iliyoifungua, pamoja na karatasi yenye jina la programu, mwaka, na lugha iliyosemwa. Vyuo vikuu vyenye idara za Kiswahili na historia visingoje kuombwa. Viende Ngara na Biharamulo sasa, wakati mafundi waliozitumia programu hizo wangali hai.

Wahenga walisema kwamba mali bila daftari huisha bila habari. Maktaba ya programu ndiyo daftari ya sauti. Afutaye daftari hana haki ya kuuliza baadaye mali ilikwenda wapi.