Mfupi Aliyeona Mbali



Mwezi huu tuzungumze juu ya mpira wa baskete. Najua kuna baba atakayetaka kufunga ukurasa huu mara moja akisema: "Mutoto mwanamuke na mpira, ni mambo gani ile? Aende kuteka maji." Baba, ngoja kidogo. Soma mpaka mwisho, ndipo uhukumu. Na wewe binti, unayefikiri kwamba masomo hayana kazi tena kwa sababu mwalimu wa mpira amekusifu, wewe pia soma mpaka mwisho. Maneno haya ni yenu wote wawili.

Nataka kuwaelezea maisha ya mwanamke mmoja wa Marekani, jina lake Dawn Staley. Alicheza baskete kama kazi ya mshahara kwa miaka mingi. Nafasi yake uwanjani ilikuwa ile ambayo vijana wetu wanaiita "meneur", ndiye mwongoza mchezo.

Kazi ya mwongoza mchezo

Kwa wale wasiojua mchezo huu: kila upande una watu 5 uwanjani, na kikapu kiko mita 3.05 juu ya ardhi. Kwa hiyo kila timu inatafuta watu warefu. Lakini mwongoza mchezo mara nyingi ndiye mfupi kuliko wote. Anapokea mpira kule nyuma, anaupandisha akiudundisha kwa mkono, huku macho yake yanaangalia wenzake wanne na adui watano. Ni yeye anaamua nani apewe mpira, na saa gani.

Kazi yake ya kwanza si kufunga. Ni kumpa mwenzake mpira mahali pazuri kusudi mwenzake afunge. Kesho yake watu wanataja jina la yule aliyefunga. Aliyetoa mpira wamekwisha kumsahau. Lakini wenye kujua mchezo wanahesabu pasi hizo, moja moja. Tena mwongoza mchezo hawezi kungoja mpaka nafasi ifunguke ndipo atupe mpira. Akingoja, amechelewa. Lazima aone nafasi kabla haijafunguka. Shikeni neno hilo, tutalirudia.

Mtoto wa mama mwenye kusafisha nyumba za watu

Dawn Staley alizaliwa tarehe 4 Mei 1970 katika mji wa Philadelphia. Alikuwa kitinda mimba kati ya watoto watano. Jamaa yao ilikaa katika nyumba ambazo serikali iliwajengea watu maskini, mtaa wenye sifa mbaya. Mama yake, Estelle, alikuwa akisafisha nyumba za watu wengine ili wake wapate kula. Binti alijifunza baskete kwa kucheza na wavulana wa mtaa. Urefu wake ukakoma kwa mita 1 na sentimita 68. Kwa mchezo huu, ni ufupi.

Mwaka 1988 aliingia chuo kikuu cha Virginia. Kwa miaka mitatu yenye kufuatana, 1990, 1991 na 1992, timu yake ilifika kati ya nne za mwisho za nchi nzima. Haikupata ubingwa hata mara moja. Mwaka 1991 walifika fainali, wakashindwa na Tennessee 70 kwa 67, tena baada ya muda wa nyongeza. Siku ile Dawn alichaguliwa kuwa mchezaji bora wa mashindano yale, yeye aliyeshindwa. Fikiri: unapewa heshima machoni pa watu huku machozi yanatoka.

Mwaka 1992 alimaliza chuo na kupata diploma yake. Mwaka uleule alijaribu kuingia katika timu ya taifa ya kwenda kwenye Michezo ya Olimpiki. Wakamkataa. Waliona ni mfupi, na tena hajazoea michezo ya mataifa.

Wewe kijana, ungefanya nini? Wengine wangesema: "Walikwisha kupanga yao, miye naacha." Yeye hakuacha. Wakati ule Marekani haikuwa na ligi ya wanawake yenye kusimama ambamo mtu angepata mshahara. Basi akaenda kucheza ng'ambo: Ufaransa, Italia, Hispania, na Brazili. Walisema hajazoea michezo ya mataifa. Akaenda kuizoea huko huko kwenye mataifa. Hakugombana na neno lao. Alilifanya kuwa kazi yake.

Atlanta, na binti zetu

Mwaka 1996 Michezo ya Olimpiki ilifanyika Atlanta, na safari hii Dawn alikuwamo. Timu yao ilikuwa imezunguka dunia karibu mwaka mzima ikijitayarisha, na ilicheza michezo 52 bila kushindwa. Kule Atlanta walikutana na timu moja ambayo wazee wanaikumbuka: timu ya wanawake ya Zaire, nchi yetu kwa jina lake la wakati ule. Binti zetu walikuwa mabingwa wa Afrika wa mwaka 1994. Walipigwa 107 kwa 47. Wamarekani waliendelea mpaka fainali, wakawashinda Wabrazili 111 kwa 87, na Dawn akavaa medali ya dhahabu. Binti zetu walirudi bila kushinda mchezo hata mmoja.

Lakini habari haikuishia hapo. Katika timu ile ya Zaire kulikuwa na msichana wa Kinshasa, Mwadi Mabika, mwenye miaka ishirini tu. Mwaka 1997 aliingia katika timu ya Los Angeles Sparks, katika ligi ya wanawake iliyoanza Marekani mwaka uleule. Mwaka 2001 Los Angeles ilifika fainali. Ilicheza na nani? Na Charlotte Sting, timu ambayo mwongoza mchezo wake alikuwa Dawn Staley. Los Angeles ilishinda michezo miwili kwa sifuri. Yule binti wa Kinshasa aliyepigwa Atlanta akawa bingwa, na mwaka 2002 akawa bingwa tena.

Wasomaji, aliyekushinda leo kwa pointi 60 si mfalme wako wa milele.

Kwa upande wa Dawn, msijifikirie kwamba mwaka ule wa 2001 ulikuwa wa aibu. Timu ya Charlotte ilikuwa imeanza vibaya: katika michezo 11 ya kwanza ilishinda mmoja tu. Katika 21 iliyobaki ilishinda 17. Ndiyo kazi ya mwongoza mchezo hiyo: wenzake wanapoinamisha kichwa, yeye anaendelea kuupandisha mpira.

Siku kazi inaposimama

Sasa, baba na mama, sikieni jambo hili, maana linatugusa sisi watu wa machimbo kabisa.

Kabla ya Charlotte, kuanzia 1996, Dawn aliwahi kucheza katika ligi nyingine ya wanawake huko Marekani. Mwezi wa Desemba 1998, katikati ya msimu, siku chache mbele ya Noeli, ligi ile ilifunga milango. Pesa zilikwisha. Wachezaji walikuwa na kontra mkononi, lakini kazi hakuna. Nani kati yetu hajui habari ya namna hii? Kolwezi, Likasi, Kipushi, Kambove: ni nyumba ngapi ambamo baba aliondoka asubuhi mfanyakazi na kurudi jioni akiwa mtu asiye na kazi? Tulifikiri kwamba mwisho wa mwezi utakuja sikuzote, kwa sababu ulikuwa ukija sikuzote.

Dawn aliingia Charlotte mwaka 1999. Na mwaka uliofuata, 2000, akiwa angali mchezaji mwenye nguvu, alikubali kazi ya pili: kuwa mwalimu wa timu ya wanawake ya chuo kikuu cha Temple, kule Philadelphia alikozaliwa. Ligi ya wanawake inachezwa wakati wa joto, vyuo vinacheza wakati wa baridi. Kwa hiyo miezi kadhaa alikuwa mchezaji, miezi mingine mwalimu. Wakati ule hakuwa na ujuzi wowote wa kuongoza chuo. Akajifunza huku miguu yake ingali inamlisha. Mwaka 2004, huko Athens, alichaguliwa kubeba bendera ya nchi yake mbele ya wanamichezo wote, na akapata medali yake ya tatu ya dhahabu. Mwaka 2006 aliacha kucheza. Kwa wachezaji wengi siku ile ni kama mazishi. Kwake ilikuwa siku ya kuendelea na kazi aliyokwisha kuianza miaka sita mbele.

Mmeona? Ni jambo lilelile la uwanjani. Aliona nafasi kabla haijafunguka.

Kipande cha wavu

Mwaka 2008 alihamia chuo kikuu cha South Carolina. Mwaka wa kwanza timu yake ilishindwa michezo 18 na kushinda 10. Hakukimbia. Mwaka 2017, baada ya miaka tisa, timu yake ilikuwa bingwa wa nchi. Ule ubingwa alioukosa mara tatu akiwa msichana, aliupata kupitia mikono ya wasichana aliowafundisha. Akaupata tena 2022, na tena 2024, mwaka ambao timu yake ilicheza michezo 38 na kushinda yote 38. Kule Tokyo, mwaka 2021, aliongoza timu ya taifa kupata dhahabu.

Huko Marekani, timu ikiwa bingwa, watu wanakata wavu wa kikapu kuwa ukumbusho. Mwanamke mmoja mweusi, Carolyn Peck, alikuwa bingwa kama mwalimu mwaka 1999. Alimpa Dawn kipande cha wavu wake, kusudi naye siku moja akipata wake, ampe mwingine. Dawn alipopata wake, hakuuweka wote katika kioo nyumbani. Mwaka 2021 aliukata vipande vipande na kuwatumia wanawake weusi wote waliokuwa walimu wakuu wa timu za vyuo vikubwa vya Marekani. Miaka 15 alikuwa ameacha kucheza, na bado alikuwa anatoa pasi.

Neno kwa nyumba zetu

Baba, sikuambii kwamba binti yako atakwenda Marekani. Walio wengi hawatakwenda, na anayekuahidi hivyo anakudanganya. Nakuambia kwamba kiwanja kinaweza kumfundisha mambo ambayo utayahitaji nyumbani mwako: kushindwa bila kuvunjika, kumtazama mwenzake mbele ya kujitazama, kuamua haraka. Uliza tu anacheza wapi, na nani, na atarudi saa ngapi. Hiyo ni haki yako na ni kazi yako. Maji yatatekwa, ndugu zake wanaume nao wako na mikono.

Na wewe binti: Dawn alikuwa bora kuliko wewe, na alimaliza masomo. Goti linaweza kuvunjika Jumamosi. Siku ya Jumatatu ni daftari litakalobaki. Cheza, lakini usiuze shule kwa kununua mpira.

Na wewe kijana wa kiume unayeshuka katika shimo kwa sababu leo inalipa: shimo nalo lina mwisho wake. Ukiwa ungali na nguvu, jifunze kazi ya pili. Usingoje mlango ufungwe.

Maulizo ya kuzungumza nyumbani

1. Katika jamaa yetu, nani anatoa pasi na hatajwi? Tumemshukuru lini mara ya mwisho?

2. Kama mshahara wa nyumba hii ukisimama mwezi ujao, ni kazi gani ya pili tumekwisha kuianza?

3. Watoto wetu wa kike wanapata saa ngapi za kusoma na za kucheza, na wa kiume saa ngapi? Hesabuni pamoja, bila kukasirika.