Wacheni Kumwagia Pampu Oili!

Nitasema na mkasirike: pampu ya shimo la ploti yenu haitaki oili yenu. Wacheni.

Kisii na Nyamira ni miteremko mitupu. Ukitaka kujenga Jogoo ama Nyanchwa unachimba mlima kwanza, ndio upate vyumba vya chini. Mvua ya Machi hadi Mei ikishuka, maji yanaanzia huko. Pampu ikikataa, anayepoteza godoro na vitabu vya watoto ni mpangaji wa chini. Landilodi yuko kwake, pakavu.

Sasa pampu ikipiga kelele mnafanya nini? Keateka analeta oili chafu ya matatu, anamimina shimoni. Kwani ni chapati? Pampu ya kuzama majini imefungwa kabisa. Beringi zilitiwa grisi kiwandani, na kama ina oili, iko ndani, imezuiwa na sili. Yako haifiki huko. Itaharibu raba, halafu isukumwe mtaroni mpaka mtoni. Gucha inaanzia Nyamira, inapita kwetu, inaishia Ziwa Victoria. Huko chini kuna watu wanachota.

Na hii ndio inaniuma zaidi: ukiona oili inaelea shimoni, huwa ni dalili kwamba sili imekufa, uite fundi. Sasa kama mlimwaga yenu, mtajuaje?

Kuna zile za mota juu, zenye kifuniko cha oili. Hizo fuata kijitabu chake. Mimi chuo niliacha, lakini kijitabu cha pampu nasoma.

Kinachoua pampu ni tope na kuzunguka kavu. Maji ndiyo yanapoza mota. Kwa hivyo zima stima, chomoa plagi. Vuta pampu kwa kamba, usivute kwa waya. Osha chujio, toa nywele na karatasi za nailoni, zoa tope la chini. Rudisha, washa, mwaga ndoo kadhaa za maji: floti, ile swichi inayoelea, ikipanda pampu iwake, ikishuka izime. Ikikwama, utachoma mota ama utaogelea.

Fanyeni Februari, mrudie Agosti. Hiyo ni kazi ya anayekula rent, si ya anayelipa.

Mpangaji, uliza leo: hiyo pampu ilitolewa shimoni lini? Ukiambiwa "tuliiweka oili", anza kupandisha godoro juu ya meza.