Adhabu ya kodi: Usikimbilie mahakamani

MFANYABIASHARA wa mpunga wa Usevya anapoletewa makadirio ya kodi yenye adhabu asiyokubaliana nayo, ushauri wa kwanza anaoupata kijiweni ni kwenda mahakamani. Ushauri huo unaweza kumgharimu kuliko adhabu yenyewe.

Sheria ya Rufani za Kodi ya mwaka 2000 imeipa Bodi ya Rufani za Kodi, peke yake, mamlaka ya kuanza kusikiliza migogoro ya madai inayotokana na sheria za kodi zinazosimamiwa na Mamlaka ya Mapato Tanzania (TRA). Mahakama ya Rufani ililisisitiza jambo hilo katika shauri la TRA dhidi ya kampuni ya Tango Transport, rufani ya madai namba 84 ya mwaka 2009. Ikiwa suala la mamlaka liliweza kuifuata kampuni hadi mahakama ya juu kabisa nchini, mwenye ghala moja la mpunga atapona vipi?

Hata Bodi yenyewe haifikiwi kwa kuruka ngazi. Chini ya Sheria ya Usimamizi wa Kodi ya mwaka 2015, mlipakodi huanza kwa kupeleka pingamizi la maandishi kwa Kamishna Mkuu wa TRA ndani ya siku 30 tangu apokee uamuzi. Akishindwa hapo, hutoa taarifa ya kusudio la kukata rufaa Bodi ndani ya siku 30, na rufaa yenyewe ndani ya siku 45, tangu apewe uamuzi wa mwisho. Baada ya Bodi liko Baraza la Rufani za Kodi, kisha Mahakama ya Rufani, ambayo huangalia hoja za kisheria tu.

Utaratibu huu una mantiki. Hesabu ya kodi huchambuliwa vizuri na wanaoijua, na kosa la afisa linaweza kurekebishwa mezani bila gharama za kesi.

Tatizo ni fedha. Pingamizi halipokelewi mpaka mlalamikaji alipe kodi isiyobishaniwa au theluthi moja ya iliyokadiriwa, kutegemea ipi ni kubwa. Mtu aliyekadiriwa shilingi milioni 9 na kuzipinga zote atafute milioni 3 kwanza. Barua ikimkuta Februari, fedha yake iko shambani, kwenye mbolea na vibarua wa palizi. Theluthi hiyo ni nzito mno kwa anayeishi kwa msimu, na inamfanya mwenye haki alipe tu yaishe.

Sheria imeacha upenyo: Kamishna Mkuu anaweza kupunguza au kusamehe malipo hayo akiombwa kwa sababu za msingi. Wachache vijijini wanaujua. TRA ingefanya vyema kuuandika kwa herufi kubwa, kwa Kiswahili chepesi, kwenye kila barua ya makadirio inayotoka Mpanda, na kuutambua msimu wa kilimo kuwa sababu ya msingi.

Mfanyabiashara naye aandike tarehe aliyopokea barua siku ileile, atunze stakabadhi na daftari la manunuzi, na nakala ya pingamizi aigongeshe muhuri wa mapokezi. Ushuru wa mazao ni jambo jingine. Huo ni wa halmashauri, na mgogoro wake haupelekwi kwenye Bodi hii.