Hatukununua Nyimbo, Tulinunua Vijana

Kila nikitaja Boyzone au Westlife mbele ya watu wanaosoma vitabu, lazima kuna mtu atacheka. Si kicheko cha ubaya sana. Ni kile cha puani, cha mtu anayesubiri niseme kwamba natania. Juzi tulikuwa kwenye mazungumzo ya vitabu, tukafika kwenye nyimbo za ujana wetu, nikasema mimi Kiingereza cha mapenzi nilifundishwa na Waairishi watano waliokaa kwenye viti virefu. Meza nzima ikaangua kicheko. Kisha kaka mmoja, msomaji mzuri tu, akasema: "Dada, ule haukuwa muziki. Ulikuwa ugonjwa wa wasichana."

Neno hilo nimerudi nalo nyumbani na mpaka leo halijanitoka. Ugonjwa wa wasichana! Basi leo namjibu, na sitamjibu kwa kutetea nyimbo. Nyimbo zina mawakili wake. Nataka kuwatetea wasichana, halafu niwashitaki watu wengine, na mimi nikiwa mmoja wao.

Twende Dublin, mwaka 1993. Meneja Louis Walsh anaona Take That wa Uingereza wanavyochota fedha, anataka kundi la Kiairishi la namna hiyohiyo. Mamia ya vijana wanajitokeza kwenye usaili. Kundi linaundwa, linaitwa Boyzone, na kabla halijarekodi wimbo hata mmoja linapelekwa kwenye The Late Late Show, kipindi kikubwa cha televisheni cha Ireland. Wanacheza tu. Wanarusha mikono, wanazungusha viuno, kila mtu na lake. Waairishi wameicheka picha ile miaka yote tangu hapo. Baada ya kumtoa huyu na kumwingiza yule, wakabaki watano: Ronan Keating, Stephen Gately, Keith Duffy, Shane Lynch na Mikey Graham.

Sasa jiulize, kundi ambalo halina wimbo lilikwenda kwenye televisheni kuuza nini?

Hata nyimbo zilipokuja, nyingi zilikuwa za kuazima. "Love Me for a Reason" ilikuwa ya Osmonds. "Words" ilikuwa ya Bee Gees. "Father and Son" ni ya Cat Stevens. "You Needed Me" ilishajulikana kwa sauti ya Anne Murray kabla baadhi ya vijana hawa hawajaanza shule. Kurudia wimbo wa mtu si dhambi, hata bendi zetu za dansi zimeishi kwa kupiga zilipendwa. Lakini wimbo ukishakuwa wa mwingine, kipya kinachobaki dukani ni kijana mwenyewe: sura yake, nywele zake, na zaidi ya yote ile dhana kwamba hana mtu. Kila msichana anayenunua kaseti aamini kwamba nafasi iko wazi.

Boyzone walifikisha singo sita namba moja Uingereza kwa biashara hiyo. Nani aliilipia?

Stephen Gately alizaliwa Dublin, Machi 1976, akakulia Sheriff Street, mtaa wa watu wa kipato cha chini karibu na bandari. Kundi lilipoanza alikuwa na miaka 17. Alikuwa anapenda wanaume. Na mwaka uleule wa 1993 ndio Ireland ilifuta sheria iliyofanya mapenzi ya wanaume kuwa jinai. Serikali ikatoka chumbani mwake mwaka uleule ambao biashara iliingia, na biashara ilikuwa kali kuliko serikali. Miaka karibu sita kijana huyu aliimba mapenzi kwa wasichana huku amefunga mdomo kuhusu mapenzi yake. Juni 1999 akapata habari kwamba kuna mtu yuko tayari kuiuza siri yake. Akaona bora aiseme mwenyewe. Akaisema kwenye The Sun, gazeti la udaku, kwa sababu mtu akijua nyumba yake itavunjwa usiku huu, anaamua kufungua mlango mwenyewe.

Watu husema alijitokeza. Jamani, mtu anayesukumwa hajitokezi.

Na kisingizio cha siri ile kilikuwa nini? Wasichana. Eti wakijua watavunjika moyo, watarudisha mabango dukani, kundi litakufa. Hoja hii ilirudiwa mpaka ikawa kama sheria ya uvutano, na ndiyo mama wa ule msemo wa "ugonjwa wa wasichana". Basi tuipime kwa yaliyotokea.

Mwaka 1998 Ronan Keating alioa. Shane Lynch naye akaoa mwaka huohuo. Nafasi mbili kati ya tano zimefungwa, tena hadharani. Mwaka huohuo "No Matter What" ilikaa namba moja Uingereza wiki tatu, ikawa wimbo wao mkubwa kuliko zote. Mwaka 1999 Stephen akasema ukweli wake. Mwaka uliofuata akatoa singo yake ya kwanza peke yake, "New Beginning", ikafika namba tatu. Wako wapi hao wasichana waliovunjika moyo? Walikuwa kwenye foleni ya kununua.

Kaka yangu wa mezani, hapo ndipo uliposhindwa kusoma. Wasichana wale walijua mchezo ni mchezo. Walilia kwenye matamasha, ndiyo, kama wanaume wanavyolia timu ikishuka daraja, na hakuna anayeuita huo ugonjwa wa wavulana. Walioshindwa kutofautisha mchezo na ukweli walikuwa watu wazima: mameneja waliodhani wateja wao ni wajinga, na wahariri waliotaka kitanda cha mtu kiwe ukurasa wa mbele. Walsh mwenyewe amekiri hadharani kwamba alikuwa akiwapelekea magazeti habari za kutunga kuhusu vijana wake. Ukishalizoesha gazeti kula uongo wako, siku likitaka nyama utalinyima vipi?

Nimesema nitajishitaki na mimi.

Walsh alirudia kazi yake mwaka 1998 na Westlife: vijana watatu kutoka Sligo, wawili kutoka Dublin. Wengine walioanza na kundi waliondolewa njiani kwa sababu Simon Cowell, mtu wa kampuni ya kurekodi, hakuwaona wanafaa. Singo saba za kwanza zote zilikwenda namba moja Uingereza. Jumla zilifika 14. Hao ndio waliofika kwetu. Kwenye redio za Tanzania "My Love" ilipigwa mpaka wauza maji waliijua. Mimi nilikuwa bweni, nina daftari la kurasa 96 nililonakili maneno ya nyimbo, na niliyakodisha: wimbo mmoja, maandazi mawili. Barua nyingi za mapenzi za shule ile zilitoka kwenye daftari langu. Nami nilikuwa mfanyabiashara, mdogo tu.

Darasani kwetu alikuwepo mvulana mmoja aliyeweza kuimba zile sehemu za juu za Mark Feehily. Sauti ilikuwa inampanda kama moshi, bila kujikamua. Jumamosi usiku bwaloni tulimwita mbele aimbe, na hata mwalimu wa zamu alisimama mlangoni kusikiliza.

Agosti 2005 Mark akasema kwenye gazeti kwamba anapenda wanaume. Habari ilitufikia siku kadhaa baadaye, kwenye karatasi iliyochapishwa kwenye intaneti kafe ya mjini. Tulikuwa kidato cha tatu. Karatasi ilizunguka dawati kwa dawati. Ilipofika kwangu nikainuka, nikamtazama yule mvulana, nikasema kwa sauti: "Kumbe ndiyo maana unamwiga vizuri!"

Darasa lilicheka kwa muda mrefu sana. Yeye pia alicheka, au alionyesha meno. Hakuimba tena bwaloni mpaka tunamaliza kidato cha nne.

Sijui lolote kuhusu maisha yake ya ndani. Sikujua siku ile, sijui leo, na sikupaswa kujua. Nilichotaka ni kicheko, nikakipata kwa kumuuza mtu ambaye hakuwa wangu. The Sun walifanya hivyo kwa faida kubwa, mimi nikafanya bure. Miezi michache baadaye, mwaka huohuo, Westlife wakatoa "You Raise Me Up", ikaenda namba moja Uingereza. Wasichana wa kule walisikia habari ileile niliyoisikia mimi, wakaendelea kununua sauti. Sasa mgonjwa alikuwa nani?

Najua jibu litakalokuja hapo chini: "Walilipwa, bana. Umaarufu waliutafuta wenyewe." Sawa, walilipwa. Shane Filan wa Westlife alilipwa, na mwaka 2012 akatangazwa kufilisika kwa madeni ya biashara ya nyumba baada ya bei za majengo kuporomoka Ireland. Lakini hata kama kila mmoja wao angekuwa amelala juu ya dhahabu, hoja isingesimama. Kijana wa miaka 17 anayesaini mkataba wa kuimba amesaini kuimba. Fundi cherehani ukimlipa suruali, hujanunua na haki ya kuingia chumbani kwake kuona analala na nani.

Na kama mnadhani jambo hili liliishia 1999, sikilizeni. Stephen Gately alifariki Mallorca tarehe 10 Oktoba 2009, akiwa na miaka 33. Mapafu yake yalijaa maji kutokana na ugonjwa wa moyo ambao hakuwa akiujua. Kifo cha kawaida, cha kusikitisha, cha kijana. Tarehe 16, siku moja kabla ya mazishi, mwandishi wa safu wa Daily Mail alichapisha makala ya kuonyesha kwamba kifo kile hakiwezi kuwa cha kawaida, kwa kuwa marehemu aliishi alivyoishi. Mwili ulikuwa haujafika kaburini. Malalamiko zaidi ya 25,000 yalipelekwa kwenye tume ya malalamiko ya magazeti ya Uingereza, mengi kuliko iliyowahi kupokea mpaka wakati huo. Tume ikasema gazeti halikuvunja kanuni.

Kuna jambo moja linalotuhusu sisi wa vitabu moja kwa moja. Alipokufa, Stephen alikuwa anaandika kitabu, hadithi ya ajabu ya watoto. Kilitoka mwaka 2010, kinaitwa *The Tree of Seasons*. Pale mezani niliuliza nani anajua kwamba Gately aliandika kitabu. Hakuna. Nikauliza nani anajua alikuwa anapenda nani. Mikono yote juu. Meza ya wasomaji hiyo, watu wanaojivunia kwamba hawasomi udaku!

Msinicheke, maana tabia hii tunayo hata kwa waandishi wetu. Mwanamke atoe riwaya ya mke anayemkimbia mume, halafu hudhuria uzinduzi usikie swali la kwanza: "Je, hayo yalikukuta?" Si lugha, si muundo, si kwa nini sura ya tatu imeanza na mwisho. Tunataka kujua kama mume ni yule tunayemfahamu. Tunauita uhakiki, na tofauti yake na The Sun ni kwamba sisi hatuna picha. Mkuki kwa nguruwe.

Kwa hiyo ninachodai ni kidogo. Tukizungumzia Boyzone, tuzungumzie sauti, mpangilio, biashara, nani alichukua fedha na nani aliachwa. Tuseme wimbo mbovu ni mbovu. Ziko nyingi, na nitakusaidia kuzitaja. Cheka ile ngoma ya 1993, hata wao wanaicheka. Lakini mtu akituletea kitanda cha mtu mwingine mezani, akadhani ametuletea maarifa, tumwambie akirudishe alikokitoa.

Yule mwenzetu wa bwaloni yumo kwenye kundi letu la WhatsApp la waliomaliza pamoja. Huandika mara chache, pole za misiba na hongera za harusi. Sijawahi kumwomba radhi. Mara mbili nimeandika ujumbe nikaufuta, nikijiambia ameshasahau. Uongo mtupu, kama mimi niliyecheka sijasahau, yeye atasahau vipi? Nimemtumia jana usiku, kabla ya kuweka makala hii hapa. Tiki mbili za bluu. Bado hajajibu, na si lazima ajibu.