Binti wa Bariadi na kazi ya nyuma ya kamera

Shoga zangu, tukisikia mtoto wa kike anataka kazi ya filamu, akili zetu hukimbilia kwa waigizaji: nguo, midomo ya watu, kurudi nyumbani usiku. Ndiyo yanayosemwa sasa juu ya mpwa wangu aliyeko Bariadi, mkoani Simiyu, aliyemaliza kidato cha sita. Ukoo unataka akasome uuguzi. Yeye anataka kubuni mandhari ya filamu na kutengeneza picha kwa kompyuta. Mimi niko upande wake.

Kazi hiyo haimweki mbele ya kamera. Ni kuamua chumba cha mhusika kiwe na kitanda gani, ukuta rangi gani, kanga gani ianikwe kwenye kamba. Itazameni Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji, ya mwaka 2021, iliyotokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi. Hadithi ni ya Zanzibar ya miaka ya 1950. Mji Mkongwe wa leo umejaa madishi, nyaya na pikipiki. Kuurudisha enzi zile lazima mtu afikirie kila mlango na kila kikombe, na kisichoondoka kwa mkono kifutwe kwa kompyuta. Sisi tunaopamba vyumba vya maharusi tangu enzi za bibi zetu, kazi hii ni ngeni kwetu kwa lipi? Hannah Beachler alipata Oscar mwaka 2019 kwa mandhari ya Black Panther, Mmarekani mweusi wa kwanza kushinda katika fani hiyo.

Wengine wanasema Bariadi ni mbali. Filamu zetu nyingi hupigwa kwenye sebule za kifahari za Dar es Salaam, masofa yaleyale, mapazia yaleyale (mwenye nyumba hiyo atakuwa tajiri sasa!). Nyumba ya mkulima wa Simiyu, pamba imerundikwa ndani ikisubiri mnunuzi, atatuonyesha nani kama si mtoto aliyekulia humo? Na makumbusho ya Wasukuma yapo Bujora, nje ya Mwanza. Aende na daftari akachore.

Upande wa kompyuta, programu ya Blender ni ya bure. Katuni ya Flow kutoka Latvia, iliyoshinda Oscar mwaka 2025, ilitengenezwa kwa Blender.

Hofu ya mama yake siidharau. Malipo hayana uhakika, na si kila mwenye kamera ana nia njema. Basi tumwekee masharti: mkataba wa maandishi kabla ya kazi, na asilale eneo la kazi bila mtu tunayemjua. Lakini uuguzi nao una zamu za usiku, mbona huko hatukuuliza?

Baba yake amekubali kutoa nusu ya bei ya kompyuta akishauza pamba. Nusu iliyobaki tunachangishana huku kisiwani.