Mpiga Picha wa Nyama Choma Naye Ni Mtunzi

Nina rafiki mkazi wa Mbagala ambaye kwa zaidi ya miaka kumi ameishi kwa kamera. Alianza na harusi na vipaimara, kisha akazama kwenye nyama choma: matamasha ya viwanja vya Leaders Club, Kinondoni, na mashindano ya wachomaji katika baa za Temeke, ambako ubishi wa nani mshindi huisha usiku wa manane. Anamjua mchomaji anayegeuza mbavu kwa kusikiliza mafuta yanavyodondokea makaa. Ameifuata safari ya mbuzi kutoka mnada wa Pugu hadi jikoni. Sijaona tasnifu chuoni kwetu iliyoeleza hayo vizuri kuliko picha zake.

Hivi karibuni alionyeshwa tangazo la biashara lililosheheni picha hizo. Jina lake halikuwamo. Alipowauliza waliomkodi, jibu lilikuwa fupi: “Wewe si ulilipwa?”

Hapo ndipo ninapokataa. Kulipwa posho ya siku moja si kuuza jina. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inampa mtunzi haki ya kutambuliwa kuwa kazi ni yake. Na mtu aliyechagua pembe mwenyewe, akasubiri moshi uupishe mwanga wa jioni, kisha akakesha akihariri, si kibarua wa kubeba kamera. Ni mtunzi.

Wapo wasomi watakaocheka kwamba nyama choma si jambo la kuandikiwa waraka. Wakumbuke Vugiri, katika milima ya Usambara. Kati ya mwaka 1935 na 1937, mradi wa filamu wa kikoloni uliweka makao yake huko ili kuwafundisha Waafrika namna ya kuishi. Wakoloni walitambua nguvu ya picha za maisha ya kila siku, ila walitaka kutusemea. Leo kamera imo mikononi mwa kijana wa Mbagala, anatuonyesha tulivyo bila kutuhubiria, na wanaomfuta jina ni sisi wenyewe.

Dola nayo isijitoe. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 inamtaka mtengeneza filamu awe na kibali. Vema. Anayetambuliwa wakati wa kudaiwa kibali atambuliwe pia wakati wa kudai haki yake.

Watumishi wa umma, ofisi zenu zinapomkodi mpiga picha, mpeni mkataba wa maandishi unaotaja matumizi ya picha na jina lake. Wanaharakati, wasindikizeni vijana hawa hadi COSOTA wakasajili kazi zao. Nanyi wanafunzi wangu, kabla hamjasambaza video ya mbavu zinazotoa moshi, ulizeni kwanza: nani aliipiga?